Mpaka wa Kima Kule Choma

Niliondoka Mwembesongo, Morogoro mjini, kwa sababu nilichoka kupiga video za harusi. Miaka sita nimefukuzana na keki. Sasa nilitaka filamu yangu mwenyewe, ya watu wanavyoishi na wanyama wa porini. Rafiki yangu alinielekeza Choma, juu kwenye milima ya Uluguru, kwa Bibi Mwanahawa, ambaye shamba lake limepakana na msitu wa hifadhi.

Saa kumi na mbili asubuhi nilianza kupanda kwa miguu, kamera mgongoni, betri mbili mfukoni. Nilipishana na akina mama wanaoshuka sokoni na mikungu ya ndizi kichwani, wakipiga soga bila kuhema. Mimi nilihema kwa niaba yao wote.

"Pole, mwanangu," mmoja aliniambia. "Hapo bado hujaanza."

Saa nne nilifika. Bibi alikuwa ameketi uani, amevaa kanga mpya inayonukia duka.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Haya, washa hicho kidude."

Nikawasha. Akakohoa, akanyoosha mgongo. "Ndugu watazamaji, misitu ni uhai. Tutunze vyanzo vya maji kwa maendeleo endelevu."

Kumbe alishahudhuria semina! Nikamuuliza habari za kima wanaotoka msituni kula mahindi yake.

"Kima ni rasilimali ya taifa," akajibu.

Kufika adhuhuri betri ya kwanza ilikuwa imekwisha, na nilichopata ni hotuba tupu. Nikaanza kuiona Jumamosi yangu, mimi na keki tena.

Saa tisa, tukimenya mihogo, mahindi yakatikisika. Kima dume mkubwa alikuwa katikati ya shamba.

"Wewe Mwenyekiti!" Bibi akanyakua sufuria na mwiko, akatimua mbio akivigonganisha. "Huna haya! Yale ya ng'ambo ya mgomba si nimekupandia wewe na ukoo wako? Haya ni yangu! Leo mpaka huujui?"

Kima akamsikiliza, hindi mkononi, kisha akaondoka bila haraka.

Bibi alipogeuka akaikuta kamera inamtazama. "Ulikuwa unapiga? Futa! Watu wa semina watasema namtukana mnyama wa serikali."

Nilikuwa tayari kufuta, maana sura ni yake. Nikamwomba ajione kwanza. Akatazama, akacheka mpaka akakaa chini.

"Kumbe bado nina mbio! Basi, iache. Ila hotuba yangu usiikate hata neno."

"Kwa nini unamwita Mwenyekiti?"

"Anakula yeye kwanza, wenzake wanangoja."

Asubuhi ya pili alinisindikiza hadi kwenye ule mgomba. Ng'ambo yake mahindi ya kima yalikuwa yamebaki mabua matupu. Bibi akainama, akaanza kuchimba mashimo mapya kwa jembe.

Nilishuka mjini nikijua kosa langu: nilimuuliza kwa maneno ya semina, naye akanijibu kwa hayohayo. Mambo yake na kima yalikuwa pale shambani, kwenye yale mashimo. Nilikuwa nimeyahesabu kabla ya kuaga, nikamuuliza mbona mstari wa safari hii ni mrefu kuliko ule wa zamani.

"Wamezaa," akasema, akifukia mbegu. "Wawili."