Makubazi ya Lai Guixiang

Mji mzima wa Yudu, kule China, unaujua mdomo wa Lai Guixiang, na mikono yake pia. Hufunga kamba za kusukia kiunoni, akakaa kwenye benchi, akasuka makubazi ya mabua ya mpunga kama bibi yake alivyowasukia askari wa Jeshi Jekundu walioanza Safari Ndefu kwa miguu kutoka hapo mwaka 1934. Kaka wa bibi alivuka nao mto, jozi tatu begani. Hakurudi.

Kwa hiyo watu wa filamu ya nyimbo walipokuja kuikumbuka safari ile, wakaagiza jozi themanini, Lai alisuka miezi miwili, hata kusengenya majirani hakupata nafasi.

Siku ya kwanza ya mazoezi, makubazi tisa yakakatika katikati ya wimbo. Mchezaji mmoja akaanguka chali. Pei Rulan, msimamizi wa mavazi, akapiga simu.

"Shangazi, samahani. Tutavaa ya plastiki. Kwenye kamera yanafanana tu."

"Yanafanana na nini? Na ndoo?"

Lai akapanda pikipiki yake ya umeme mpaka mtoni, walikofanyia mazoezi. Akaokota kubazi moja, akalikunja. Likalia kama biskuti.

"Nani kawaambia mvae makavu?"

"Si mapya, shangazi? Tuliyatunza yasilowe."

"Mmeyatunza kama bibi harusi! Mabua huloweshwa kwanza, binti, yalainike, yashike mguu. Kosa langu, nilidhani kila mtu anajua."

Mwongozaji wa filamu akatazama jua. "Mama, jua linakwenda. Tunajaribu mara moja tu. Yakikatika, ni plastiki."

"Mara moja inatosha."

Akayatosa mtoni mwenyewe, akawavisha.

"Uuwi, baridi!" akalia kijana mmoja.

"Wenzako walikwenda nayo mpaka kwenye theluji. Nyoosha mguu, mwanajeshi wa poda!"

Ngoma zikalia. Wachezaji wakaingia kwenye daraja lililotandikwa milango ya mbao, kama ile ambayo watu wa Yudu waliing'oa majumbani mwao jeshi lipite. Lai hakutazama uso wa mtu. Alitazama miguu. Ikaruka, ikatua, ikazunguka, mbao zikanguruma, na wimbo ukaenda hadi neno la mwisho. Hakuna ugwe uliokatika, hata mmoja.

Mwongozaji akajifuta macho. "Rulan, plastiki zirudishwe kiwandani."

"Zirudishwe kwa nini?" Lai akasema, kidevu juu, mbele ya watu wote. "Wapeni wavae bafuni. Kwenye daraja la Yudu watavaa yangu."