Tekila, Balungi na Vidonge vya Baba

Mimi ni mwoga, sifichi. Naogopa radi, naogopa ng'ombe mwenye ndama, naogopa simu ikiita alfajiri. Lakini uoga wa Jumapili ile nyumbani kwetu, huku vilimani Mbulu, ulikuwa mwingine kabisa, maana niliutengeneza kwa mikono yangu mwenyewe na nikautia asali juu.

Nilikuwa nahudumia baa ya hoteli ya watalii Karatu. Kuchanganya vinywaji ndiyo kazi yangu, na kilichokuwa kinasifiwa zaidi ni kile cha tekila na balungi. Mwaka huo nikapata kazi hoteli ya Unguja, mkataba wa miaka miwili. Kwetu huwezi kwenda mbali hivyo bila baraka ya baba. Mama alikuwa amefariki mwaka mmoja kabla, wakati wa kupanda, na baba alibaki peke yake kwenye nyumba kubwa. Kaka na mkewe wanakaa nyumba ya pili, uani hapohapo.

Kabla sijafunga safari baba aliniambia kwenye simu, "Ukija niletee hiyo pombe unayowapikia wazungu. Nionje kabla sijafa."

"Baba, usiseme hivyo!"

"Haya, nionje kabla hujaolewa. Maana hilo nalo naona liko mbali." Akacheka mwenyewe. Ndivyo alivyo.

"Dawa ya presha umekunywa leo?"

"Nimekunywa, mama, nimekunywa." Swali hilo nilikuwa namuuliza kila siku, na kila siku jibu lilikuwa hilohilo.

Basi Jumapili, watu wametoka kanisani, nikatoa meza nje chini ya upenu. Mabalungi nilikuwa nimeyanunua stendi ya Karatu, yale mazito ukiyapima mkononi. Tekila niliagwa nayo na wenzangu wa kazini. Kaka alikuwa Masakta kwenye mavuno, kwa hiyo tulikuwa watatu tu: mimi, baba aliyekuwa ndani anabadili shati, na wifi yangu aliyekaa kwenye kigoda akinichungulia kama mwalimu wa zamu.

"Wifi, hiyo si ndiyo wanairamba na chumvi?"

"Wewe umeona wapi?"

"Kwenye simu. Unadhani huku tunaangalia mahubiri tu?"

Nikakata mabalungi, nikatoa ile nyama nyeupe ya ndani inayoleta uchungu, nikakamua, nikachuja kwa chujio la chai. Asali ya kwetu nikaiyeyusha kwa maji ya uvuguvugu kidogo. Nikakamulia ndimu mbili, nikapima tekila kwa kikombe cha kahawa, nikamalizia na soda nyeupe taratibu ili gesi isikimbie. Barafu hatuna, wala haihitajiki. Jagi nililiweka kwenye beseni la maji ya bomba, na maji ya bomba ya Mbulu mwezi wa saba yanauma meno. Nikaonja. Jamani! Uchungu kidogo, utamu kidogo, halafu ubaridi unashuka hadi tumboni. Wifi alionja kijiko kimoja akafumba jicho. "Mh! Hii inampeleka mtu motoni akiwa anacheka."

Vikombe vyetu nikavipaka ndimu ukingoni na kuvichovya kwenye chumvi. Cha baba sikukitia chumvi, maana chumvi na presha haviendani, hata mtoto anajua. Nikajiona nina akili kweli.

Baba akatoka. Nikamsalimia tena, shikamoo, marahaba. Wifi akainuka, akaenda kusimama karibu na jiko la nje. Kwetu mkamwana hakai karibu na baba mkwe, hali naye chakula, na wala hamuulizi habari za mwili wake. Chai yenyewe huwa anaiweka kizingitini kila asubuhi, anabisha hodi, anaondoka. Hayo ni heshima, na wifi ana heshima sana.

Nikampa baba kikombe kwa mikono miwili, nikapiga magoti. Hicho ndicho kikombe cha baraka, na kina sheria zake. Mzee akishakishika, hakuna anayesema, hakuna anayekigusa, na hakirudi mezani kikiwa na kitu ndani. Ukimkatiza katikati, baraka inageuka. Katekista wetu anayakemea mambo hayo kanisani, lakini mtoto wake akisafiri anayafanya hayohayo, tena kwa bidii.

Baba akanywa funda la kwanza, akalipuliza kulia. La pili akalipuliza kushoto. La tatu likanirukia kichwani, la baridi, lenye harufu ya balungi. Akaanza kuomba. "Mungu, huyu ni mtoto wangu. Njia yake iwe nyoofu. Atakaokutana nao wawe na macho mazuri." Akanywa tena, safari hii akameza.

Ndipo nikakumbuka. Pale hotelini msimu uliopita mzee mmoja wa kizungu alikirudisha kinywaji hikihiki, akasema yeye yuko kwenye vidonge vya presha na daktari amemkataza balungi. Mkuu wetu wa baa akatuita wote. Kuna dawa za presha, akatuambia, ambazo balungi linazifanya ziwe kali kupita kiasi. Presha inashuka, mtu anadondoka. Mgeni mzee akiagiza kitu cha balungi, muulizeni kwanza. Tangu siku ile nilikuwa namuuliza kila mzungu mwenye mvi. Baba yangu mzazi sikumuuliza. Kumbe nilikaa nikifikiria chumvi tu!

Nilitaka kupiga kelele, "Baba, tema!" Ulimi ukawa mzito kama jiwe la kusagia. Niliogopa asife, na niliogopa laana, na niseme ukweli hata kama ni aibu: kwa muda ule laana ndiyo niliiogopa zaidi. Yeye akaendelea, anaomba na kumeza, anamtaja babu, anamtaja bibi, alipofika kwa mama sauti ikakatika kidogo, akakikomba kikombe chote. Mimi nimenyamaza. Mpaka leo hilo ndilo linaloniuma.

"Aaa!" akasema. "Kumbe wazungu si wajinga. Ongeza."

"Hapana!" Nilipiga kelele mpaka kuku wakatawanyika. Baba akanitazama. Tangu nizaliwe sikuwahi kumwambia baba hapana.

Nikamkalisha kwenye kiti nikaanza kumtazama kama maziwa yaliyo jikoni. Kila akipepesa macho moyo wangu unaruka. Alikuwa na tumbo tupu tangu misa, nililijua hilo, na tekila si togwa. Lakini jasho lilipoanza kumtoka kwenye paji la uso, na baridi ile, nikajua nimeua.

"Mbona nyumba inahama?" akauliza.

Nikamkimbilia wifi nikamweleza huku nalia. "Balungi?" akasema. "Balungi hilihili tunalokula na chumvi? Mungu wangu! Usisimame hapo, mimi napiga simu ya bodaboda!"

Tulipanda mshikaki: dereva mbele, baba katikati, mimi nyuma nimemkumbatia kiunoni. Sikuwahi kumkumbatia baba yangu. Kila kona nilikuwa nausikiliza mgongo wake kama bado unapumua. Nilikuwa namwahidi Mungu vitu vya ajabu. Siendi Unguja. Sigusi tena chupa. Nitaimba kwaya, na sauti yangu kila mtu anaijua.

Zahanati ilikuwa na muuguzi mmoja wa zamu, dada mwenye sauti ya upole. Nikammwagia yote kwa pumzi moja: tekila, balungi, vidonge, baraka. Akamgeukia baba. "Shikamoo baba. Dawa yako ya presha umekunywa saa ngapi leo?"

Baba akatazama ukuta.

"Baba, unaulizwa," nikasema.

"Sijanywa."

"Jana je?"

"Sinywi," akasema, pole pole. "Tangu mama yake afariki, sijanywa."

Mungu anisamehe, nilifurahi! Nilishusha pumzi nikashika ukuta, nikacheka kabisa. Balungi halikumkuta na dawa yoyote ya kupigana nayo. Sikumuua baba. Kilichomzungusha ni tekila na njaa, basi. Furaha hiyo ilidumu muda ambao muuguzi alimfunga mkanda mkononi na kuujaza upepo. Aliutazama mshale, akafungua, akapima mkono wa pili. Akatoka mbio kumwita mganga wa zamu, na nikabaki na baba.

"Kila siku nakuuliza," nikamwambia. "Kila siku!"

"Mama yako ndiye alikuwa ananiwekea mkononi," akasema. "Asubuhi kimoja, jioni nusu, sijui. Mimi sikuwahi kufungua ile pakiti. Alipoondoka sikujua kipi ni kipi."

"Si ungeuliza?"

"Nimuulize nani? Mke wa mwanangu?" Akanitazama kama nimetukana. "Na wewe uko mbali. Nikikwambia ukweli utaacha kazi."

Tulikaa zahanati mpaka jua likainama. Wakamshusha presha kidogo kidogo, wakatupa dawa mpya, na mganga akanieleza mara tatu kwamba asikose hata siku moja, na lazima mtu amsimamie.

Nyumbani nikaiweka dawa mezani kwa baba, nikarudia maneno ya mganga, nikatangaza kwamba Unguja siendi. Baba akakasirika kuliko nilivyowahi kumwona. "Nimeshakubariki. Unataka baraka ioze humu ndani?" Wifi alikuwa amesimama kule kwake karibu na jiko, anasikia kila kitu, ameinamisha kichwa. Nilikwenda kulala nikiwa na hofu ileile, ila sasa ilikuwa na miaka miwili mbele yake.

Asubuhi nikasikia hodi. Nikachungulia kwa mlango wa chumba. Wifi alikuwa kizingitini na kikombe cha chai, pale anapokiwekaga kila siku. Hakukiweka chini. Akavua ndala, akaingia ndani, hatua moja, ya pili, mpaka kwenye kiti cha baba. Nikaziba mdomo, nilijua baba atamfukuza na ukoo mzima utalisema neno hilo mpaka sikukuu.

"Shikamoo baba."

Baba akazitazama zile ndala mlangoni. "Marahaba."

Wifi akapiga magoti, akatoa kidonge kwenye pakiti iliyokuwa mezani, akamwekea kwenye kiganja, akampa chai. Baba akageuza uso pembeni kwa aibu, akaweka mdomoni, akanywa. Akamrudishia kikombe bila kumtazama, aondoke sasa.

Wifi hakuondoka.

"Baba," akasema, na sauti ilikuwa inamkatika kwa woga, "fungua mdomo nione."

Baba akaufungua.