Firigisi ya Msuluhishi

Mtu akiniuliza kwa nini nikisikia neno wakili nasonya, humjibu kwa neno moja tu: firigisi.

Mume wangu alikuwa mjenzi pale Geita, miaka ya tisini, wakati kila mnunuzi wa dhahabu aliyebahatika kidogo alitaka aonekane ana jengo. Mmoja wao akampa kazi ya nyumba ya wageni, kwenye kiwanja cha udongo mweusi wa mbuga, ule unaovimba mvua ikinyesha na kupasuka jua likiwaka. Mume wangu akamwambia msingi uende chini zaidi. Tajiri akasema wageni hawalali kwenye msingi, fupisha. Masika ya kwanza tu, kuta zikapata nyufa za kuingiza kidole, na tajiri akaanza kutangaza sokoni kwamba fundi ameiba saruji.

Neno hilo lilituingia mpaka jikoni. Mwizi wa saruji hapewi hata choo ajenge. Mama mkwe wangu, ambaye tuliishi naye, aliacha kwenda kanisani kwa aibu. "Niwasikie tu wakisema mwanangu si mwizi," alikuwa akisema, "halafu Mungu anichukue akitaka."

Mkataba ulisema wakigombana wasikimbilie mahakamani, waende kwanza kwa msuluhishi. Akaletwa mhandisi mstaafu kutoka Shinyanga, mzee mpole wa maneno machache. Alisikiliza pande zote mbili, kisha akaja kukagua jengo pamoja na mume wangu na tajiri mwenyewe. Wakafukua msingi, wakapima. Walipomaliza, tajiri akarudi dukani kwake. Mzee naye akashika njia yake, na njia hiyo ilipita mbele ya mlango wetu. Mlangoni alikuwa amesimama mama mkwe.

Kwa Wasukuma, mgeni hapiti mlangoni na njaa yake. Mzee alijitahidi.

"Mayu, mama yangu, samahani, kazi yangu hainiruhusu."

"Kazi gani hiyo inayomkataza mtu kula?"

Jogoo alikuwa ameshachinjwa tangu asubuhi. Mzee akashindwa, akanawa mikono. Mimi nilipakua kama mama mkwe alivyoniamuru, na firigisi nikaiweka kwenye sahani ya mgeni, maana ndiyo heshima yenyewe.

Tuzo ikatoka, ndivyo wanavyouita uamuzi wa msuluhishi. Saruji ilikuwa ya kutosha. Kosa lilikuwa la msingi, na msingi ulifupishwa kwa amri ya mwenye jengo. Mama mkwe alipiga vigelegele mpaka majirani wakadhani tumepata mjukuu. Jumapili hiyo akavaa kitenge chake kipya, akaenda kanisani na kukaa benchi la mbele.

Furaha haikudumu. Tajiri alienda mahakamani Mwanza kuomba tuzo itenguliwe.

Mimi, mjinga wa sheria, nilidhani jaji atakuja kuziangalia nyufa. Wapi! Wakili wetu alitueleza kwamba mahakama haipimi ukuta mara ya pili. Inaangalia tu kama msuluhishi alijiendesha kwa haki. Basi nyufa zikasahaulika, msingi ukasahaulika, kesi ikawa ya kuku, maana tajiri alikuwa amesikia kwamba mzee alikula kwetu. Watu wazima waliovaa tai waliapa viapo kuhusu kuku wetu! Nilitamani kupiga kelele.

Mama mkwe akaitwa kuhojiwa. Tulivuka na kivuko, yeye amefumba macho njia nzima kwa kuogopa maji. Wakili wa tajiri akamuuliza, mkalimani akimgeuzia kwa Kisukuma:

"Bibi, firigisi alikula nani?"

Mama mkwe alimtazama kama mtoto aliyekosa malezi. "Mgeni. Kwenu mnampa nani?"

Watu wakacheka. Wakili wetu hakucheka, aliinamisha kichwa.

"Na mwenye jengo, yeye mlimpa nini?"

"Alienda zake. Angekuja, angekula."

Jaji akaitengua tuzo. Alisema kwa upole kwamba hakuna aliyethibitisha kuwa mzee alinunuliwa kwa kuku, ila mwamuzi akila na upande mmoja, upande wa pili hauwezi kuamini tena mizani yake. Nikajiuliza: ningekuwa mke wa tajiri, ningesemaje? Ningesema hivyohivyo. Hapo ndipo nilipochukia zaidi, maana sikuwa na wa kumlaumu.

Tukaanza upya. Mume wangu akarudi kuwa mwizi wa saruji, na mama mkwe akarudi ndani. Safari hii hakutoka. "Nimemfunga mwanangu kwa mkono wangu mwenyewe," alisema, na chakula kikaanza kumshinda.

Msuluhishi wa pili alikuja wakati mama mkwe hawezi tena kuinuka kitandani. Baada ya ukaguzi gari lake likagoma kuwaka, karibu kabisa na kwetu. Nilifunga mlango. Nilimwona dirishani, mtu wa makamo, amekaa garini kwenye jua anatafuna mkate mkavu, na sikumpelekea hata maji. Nilijisikia mchawi.

"Nasikia gari," mama mkwe akasema kutoka chumbani. "Ni mgeni?"

"Ni mgeni, mama."

"Amekula?"

"Amekula, ameshiba."

"Firigisi?"

"Nimempa."

Akatulia. Alifariki kabla tuzo ya pili haijatoka.

Ilipotoka, ilisema yaleyale: saruji ya kutosha, msingi mfupi, amri ya mwenye jengo. Tajiri hakwenda tena mahakamani, maana hakukuwa na kuku wa kumlalamikia. Mume wangu aliisoma, akaikunja, akatoka nje.

Nilijua anakokwenda. Mama yake amelala nyuma ya nyumba, kwenye udongo uleule mweusi. Kaburi alilijenga yeye mwenyewe. Alichimba msingi mpaka akakuta changarawe, na hakuna aliyemwambia afupishe.