Nilimnenepesha Baba

Nilijua baba yangu anaumwa kabla ya mama, kabla ya kaka yangu, na kabla ya daktari yeyote kumgusa. Nilijua kwa sababu ya mchezo wa kompyuta. Najua inavyosikika. Cheka kama unataka, mimi nilishamaliza kucheka.

Nilikuwa nimemaliza chuo, kazi hakuna, nimerudi kwa wazazi mtaani Komarock, Nairobi, kula na kulala. Nilichokuwa nacho ni laptop kuukuu na huo mchezo. Si wa vita wala wa magari. Unaumba watu, unawajengea nyumba, halafu unawaacha waishi: wapike, waoge, wagombane, wazeeke. Basi. Mama hakuelewa mtu mzima anawezaje kukaa asubuhi nzima akiangalia watu wa kwenye kioo wakiosha vyombo, na vyombo vya nyumbani vimejaa kwenye sinki. Hapo, kusema kweli, alikuwa na haki.

Shida ni kwamba mchezo wenyewe ulitengenezwa na watu wasiotujua. Nywele za kuteleza, ngozi ya rangi ya chai iliyozidi maziwa, na jikoni hakuna hata sufuria ya maana. Lakini kuna wachezaji, wengine wako hapa hapa Nairobi, wanaotengeneza vitu vyao na kuvigawa mtandaoni. Nilipakua nywele za kusuka, rinda la kitenge, leso, mlango wa chuma, tangi jeusi la maji la kuweka juu ya nyumba, hata mwiko. Unapakua faili, unalifungua, unaliweka kwenye folda yake, unawasha mchezo upya na unaomba Mungu. Nilijaza folda mpaka laptop ikawa inahema.

Nikaumba nyumba yetu na watu wake wanne: baba, mama, kaka yangu aliyehamia Njiru, na mimi. Baba nilimfanyia kazi kuliko wote. Mchezo unakuruhusu kushika shavu la mtu kwa kipanya na kulivuta utakavyo, na tumbo vile vile. Baba alikuwa dereva wa kampuni miaka mingi, na kitambi chake kililelewa nyuma ya usukani. Alisimama nyuma ya kiti changu akitoa amri.

"Ongeza hapo, Mama." Alikuwa akiniita Mama kwa sababu nimepewa jina la mamake. "Kwani unaninyima? Hicho kitambi ni halali yangu."

Nikaongeza. Akacheka mpaka akakaa chini. Nikaipiga picha ile skrini, nikaihifadhi, na tarehe ikabaki imeandikwa chini yake.

Mwaka uliofuata, mwezi wa tatu, wenye mchezo wakatoa toleo jipya. Kila anayetumia vitu vya wachezaji anajua kwamba siku hiyo unatulia, unangoja waliovitengeneza wavirekebishe. Sikungoja. Mimi na subira hatujawahi kukaa nyumba moja. Nikapokea toleo jipya, nikawasha, na watu wangu wakatokea sebuleni wamesimama mstari mmoja, wakitazama mbele.

Walikuwa na vipara. Wote. Mama kipara, mimi kipara, kaka kipara, vichwa vinang'aa. Na baba hakuwapo. Ngozi niliyompakulia ilikuwa imeharibika, kwa hiyo palipokuwa na baba palikuwa na shati, suruali, na juu ya kola macho mawili na meno, yakielea.

Niliangua kicheko. Na ndivyo mama alivyonikuta. Ilikuwa Jumamosi alasiri, ametoka kwenye mkutano wa akina mama wa kanisa, bado ana Biblia kwapani. Akainama kuangalia kinachonichekesha. Sura ikambadilika.

"Nani amekufa?" akauliza.

"Hakuna mtu amekufa, Mama. Ni mafaili yameharibika."

"Mbona mmenyolewa? Na baba yako yuko wapi?"

Hapo ndipo nikaona anachokiona. Kwetu magharibi mwa Kenya, watu wa nyumba moja hunyolewa pamoja wakishamzika mtu wao. Hakuna siku nyingine ya familia nzima kusimama vichwa vitupu. Na aliyekosekana pale mstarini alikuwa mwenye nyumba.

"Unatuchuria kifo!" Alipiga kelele ambazo majirani walizisikia. "Unakaa kwa nyumba yangu unakula chakula changu unatuchuria! Shindwe! Zima hiyo kitu!" Akaweka kiganja juu ya kioo akaanza kuomba, akikemea kila roho aliyoijua kwa jina, na pale katikati ya vidole vyake niliyaona yale meno. Sikucheka tena. Baba alitoka chumbani akauliza kuna nini. Mama alimshika mkono, akamwangalia juu mpaka chini kama anayehakikisha bado yuko, akamwambia hakuna kitu, ni mtoto wako na ujinga wake.

Ningeufuta mchezo wote, hadithi ingeishia hapo. Lakini nilikuwa na hasira. Uchuro gani, nikasema moyoni, faili tu! Kwa hiyo wiki iliyofuata nikaketi kutafuta faili bovu kwa njia tunayoitumia sote: unatoa nusu ya folda, unawasha, unaangalia. Tatizo likibaki, liko kwenye nusu iliyobaki. Unaigawa tena nusu hiyo, na tena. Ilinichukua siku tatu, stima ikipotea na kurudi. Nywele zilirudi kwanza. Ngozi ya baba ilikuja mwisho, baada ya aliyeitengeneza kuitoa upya, lakini ilikuja imesahau kila kitu nilichokuwa nimefanya. Ilibidi nimchonge baba tena kuanzia mwanzo.

"Baba, njoo ukae hapa dirishani dakika moja," nikamwita. Ilikuwa saa nne asubuhi, mama ameenda sokoni. Akaja, akakaa, na mimi nikaanza kazi nikimtazama yeye badala ya kuifuata ile picha ya zamani.

Niseme hivi: mtu unayekaa naye humwangalii. Unajua yuko, unampa chai, unampita kwenye korido. Mimi asubuhi ile nilimwangalia kwa sababu nilikuwa na kipanya mkononi. Nikavuta shavu ndani. Halikutosha, nikavuta tena. Nikakondesha shingo. Nikashusha mabega. Nikapunguza tumbo, nikamtazama, nikapunguza, nikamtazama, na kile kishale cha kupunguza kikaendelea kwenda kushoto. Aliinua mkono kujikuna, nikaona mkanda wake una matundu mawili mapya yaliyotobolewa kwa msumari. Nilipomaliza, niliifungua ile picha ya zamani nikaiweka kando ya huyu mpya.

Haki ya Mungu, walikuwa watu wawili.

Baba alikuwa ameinuka akaja nyuma ya kiti. Nilimsikia anapumua. Akasema taratibu, "Ndio mimi huyo?"

"Baba, unaumwa?"

"Chakula kinanikwama kidogo hapa." Akagusa kifua. "Uji unapita. Itaisha tu."

"Twende hospitali."

"Tutaenda." Akaelekeza kidole kwenye skrini, kwa yule mwembamba. "Lakini mnenepeshe huyo, Mama. Mama yako asimwone hivyo. Umeona alivyoshtuka juzi? Mrudishe alivyokuwa, na hayo mengine yabaki kati yetu."

Kulikuwa na mambo mawili ya kufanya. La kwanza lilikuwa kumngoja mama mlangoni na kumwambia. Nililifikiria, wallahi nililifikiria. Lakini juzi tu nimeambiwa nawachuria, majirani wakisikia. Leo nikisema baba anaumwa, si itakuwa mimi ndiye niliyeuita ugonjwa? Nilimwogopa mama kuliko nilivyoogopa ile picha. Huo ndio ukweli, na ni wa aibu. Nikafanya la pili. Nilishika tumbo kwa kipanya nikalivuta likarudi, nikajaza mashavu, nikanyanyua mabega. Baba akanipiga kofi dogo begani, akaenda zake.

Mama aliporudi alichungulia kwa jicho la kushuku, akaona nywele ziko, mume yuko, kitambi kiko. "Hapo sasa!" akasema. "Huyo ndiye mzee wangu." Nilitaka ardhi inimeze.

Miezi ikapita na siku ya kwenda hospitali haikufika. Kila nilipomkumbusha baba alisema wiki ijayo. Mezani alianza kukaa upande wa giza, akavaa sweta ndani ya koti hata joto lilipokuwa kali. Alikuwa anatafuna polepole, anapeleka kitambaa mdomoni, anakohoa, anakikunja. Mama anauliza kama ugali umeiva, anajibu umeiva vizuri sana. Nilikuwa naliona hilo tonge likiingia kwenye kitambaa. Nilikuwa nainamisha macho kwenye sahani yangu. Mchezo sikuuwasha tena; nilishindwa kumtazama yule mnene.

Aliyetukomboa, kama ni kukomboa, ni kaka yangu. Alikuja kutoka Njiru mwezi wa kumi baada ya kukosekana muda, akasimama mlangoni na mfuko wa matunda, akasema kwa sauti, "Baba! Nini imekumaliza hivi?" Mama akageuka kutoka jikoni. Akamtazama mumewe, na nilimwona akimwona.

Kesho yake tulikuwa hospitalini. Walimpima wakamrudisha, wakampima tena, mwishowe daktari akatukalisha. Uvimbe kwenye koo la chakula, na ulikuwa umeshafika kwenye ini. Akauliza dalili zilianza lini. Mama akajibu haraka, "Kama wiki tatu hivi, daktari." Baba alitazama viatu vyake.

Sijui ni nini kilinifungua mdomo. "Miezi saba," nikasema. "Au zaidi. Mwezi wa tatu alikuwa ameshakonda sana."

Daktari akaandika. Akasema miezi saba iliyopita tungekuwa na mambo mengine ya kuzungumza. Hakusema kwa ubaya, alisema tu.

Kwenye korido mama hakupiga kelele, na heri angepiga. Alisimama ameshika bahasha ya picha za eksirei, akauliza kwa sauti ndogo, "Kila jioni nilikuwa nauliza kama ugali umeiva. Na wewe ulikuwa umekaa pale mezani?"

"Baba aliniambia..."

"Nimekuuliza kama ulikuwa mezani."

"Ndiyo, Mama."

Akatikisa kichwa, akarudi ndani kwa mumewe.

Baba aliishi wiki kumi na moja tu baada ya hapo. Alikuwa anakula uji mwepesi kwa kijiko, vijiko vitatu, vinne, na kila kimoja kilikuwa kazi. Mama hakuwahi kuniambia nisimlishe. Nilikuwa naupika mimi, naukoroga, naupoza, naupeleka mpaka mlango wa chumba, na pale mlangoni mama alilipokea bakuli mikononi mwangu, akasema asante, akaufunga mlango nikiwa nje.