Kondoo wa Divisheni Ziro

Baba yangu hajui kusubiri. Wiki ya matokeo ya kidato cha nne alichinja kondoo, akaalika nusu ya kijiji chetu cha Tumati, ndipo akauliza matokeo yenyewe yanatoka lini. Mama akamkumbusha kwamba kanzu haikatwi kabla mwana hajazaliwa. Baba akajibu kwamba mwana huyu anamjua.

Siku ya karamu, nyama ikiwa motoni, baba mdogo akaniita nyuma ya zizi, mahali pekee penye mtandao. Matokeo yalikuwa yametoka. Nilikuwa na ziro. Hata divisheni four, ya mwisho kwa waliofaulu, sikuiona.

"Sema umepata three," akaninong'oneza. "Nani hapa anajua namba yako ya mtihani? Mtihani utarisiti kimyakimya mwakani, mambo yaishe."

Masikio yaliniwaka kwa aibu, na kusema kweli lile wazo lilinipendeza. Nikarudi kukaa na wageni nikiwa bado sijaamua.

Kwetu, karamu kama ile hailiwi mpaka mzee abariki. Babu mmoja, jirani yetu, akasimama na fimbo yake, akaomba mvua, akaombea ng'ombe na watoto, na watu wote wakamwitikia kila neno. Halafu akaanza kumshukuru Mungu kwa kunifaulisha. Nikawaona wanavuta pumzi waitikie uongo, tena mbele ya Mungu, kwa ajili yangu. Sikuweza kuvumilia.

"Samahani, babu," nikamkatiza, jambo ambalo mtoto mwenye adabu hafanyi. "Sijafaulu. Nimepata ziro."

Baba akatazama sufuria. Baba mdogo akatazama viatu vyake.

"Hiyo ziro, mjukuu wangu," babu akauliza, "chini yake kuna nini?"

"Hakuna kitu, babu. Ndiyo mwisho."

"Basi tumwombee huyu. Kushuka amemaliza, kilichobaki ni kupanda."

Watu wakaitikia kwa sauti kubwa mpaka ndama wakakurupuka, kisha wakacheka, baba akiwazidi wote. Sijawahi kuona kufeli kukiliwa kwa hamu namna ile, mpaka mifupa.

Mwalimu wa hisabati wa shule ya kijijini, mtu wa Tanga aliyealikwa pia, akanifuata akiwa bado anajilamba vidole. "Nyama hii sikuila bure," akasema. "Jumatatu njoo na daftari."

Nikaenda, Jumatatu ile na jioni nyingine nyingi, nikimaliza kukamua. Logarithimu nilizichukia, halafu siku moja zikanikubali, nikarudi nyumbani nikiimba peke yangu njia nzima.

Niliporisiti nikapata three, ya jasho langu. Nilikuwa na furaha mpaka nikamwamkia mbuzi. Mama akapiga vigelegele, majirani wakajaa uani, na mmoja wao akaomba aone kwenye simu kwa macho yake, maana wiki ya matokeo kila mtu huwa amefaulu.

"Uone nini?" mama akamuuliza. "Si ndiye huyu aliyetuambia ziro?"

Jirani akaanza kupiga vigelegele.