Neno la Mwalimu kwenye Ripoti Yangu

Likizo hii nimepita Kisarawe, penye shule yetu ya zamani. Siku hizi ni ghala la korosho. Niliponusa tu moshi wa maganda, hasira yangu kwa mwalimu wetu ikaamka, kama vile haikulala hata siku moja.

Nilikuwa mtoto wa aibu. Mwalimu akinisimamisha, sauti inakwama. Naye anacheka kwanza ili darasa lifuate. Mwisho wa mwaka akaniandikia kwenye ripoti neno moja tu la Kiingereza: pusillanimous. Nyumbani, bibi alilipima kwa kidole. “Neno refu namna hii haliwezi kuwa tusi,” akasema, akachinjisha jogoo. Baba akamwalika jirani aliyewahi kusoma kwa mapadri, aje ale na atusomee.

Jirani alimaliza paja kwanza. Kisha akafuta vidole, akasoma. “Asili yake Kilatini, ndugu yangu. Pusillus, kadogo kabisa. Animus, roho. Yaani mwoga, mwenye karoho ka sisimizi.”

Baba aliacha kutafuna. “Kumbe namsomesha sisimizi! Basi, ashike jembe.”

Bibi akaniombea muhula mmoja tu.

Muhula huo, nakiri, sikuutumia kwa masomo. Niliutumia kwa kisasi. Nikichuma kisamvu, nikikitwanga, nalirudia lile neno na asili yake, mpaka likatoka bila kukwama.

Mkaguzi wa shule, Mzungu, alipokuja, akauliza nani anajua neno gumu. Nikanyoosha mkono. Nikalitamka, nikaeleza na Kilatini chake chote. Akafurahi. “Nani kakufundisha?”

“Mwalimu, bwana. Ndivyo alivyoniandika mimi kwenye ripoti.”

Mkaguzi akamgeukia. “Mtoto huyu, mwoga? Hebu nieleze.”

Mwalimu alifungua mdomo, kikatoka kikohozi. Jasho likamlowesha kola. Darasa zima likacheka, na mimi nikacheka kuliko wote. Utamu ule sijauonja tena. Baba aliposikia, akaniacha niendelee kusoma.

Sasa bibi amefariki, jirani kahamia Mlandizi. Mwalimu nilimkuta jana sokoni, mzee kweli, anachagua nyanya. Nikamwamkia kwa sauti kubwa, makusudi.

“Marahaba, mwanangu,” akajibu kwa upole. “Wewe wa nani vile?”

Nikamtazama machoni. Hamna kitu. Kanisahau mimi, kamsahau na mkaguzi. Nilitaka aogope japo kidogo. Yule niliyekuwa namchukia simwoni tena popote. Kabaki mzee tu, anauliza bei.