Chai ya Aliyerudisha Kiatu Kibovu

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, jua bado halijakipata vizuri kilima cha Naguru, na Farhana Aol anakipanda mbio akiwa amevaa viatu visivyofanana. Mguu wa kushoto una raba yenye kamba nyeupe. Wa kulia una raba yenye kamba nyekundu.

Waendesha bodaboda wa njiapanda wamemzoea, lakini kuzoea hakujawazuia kumtania.

"Nyabo Farhana! Leo tena umevaa kiatu ya jirani?" mmoja anapaza sauti.

"Ya jirani ndiyo inakimbia zaidi!" anajibu bila kusimama, na kijiwe kizima kinaangua kicheko.

Farhana hajakosea. Raba ya kamba nyeupe ina soli ya shehena ya zamani, iliyokwisha kuaminika. Ya kamba nyekundu ina soli ya shehena mpya, iliyofika kutoka Mombasa wiki chache zilizopita. Akivaa mbili za aina moja, anasema, miguu huzoea upesi na kusahau kulalamika. Akivaa moja ya kila aina, mguu mmoja humsengenya mwenzake.

"Soli mpya ikiwa ngumu, goti la kulia litaniambia kabla sijafika juu," anasema akihema. "Mimi kazi yangu ni kusikiliza umbea wa miguu."

Mama huyu wa miaka thelathini na minne ni mkaguzi wa ubora katika kiwanda cha raba za kukimbilia kilicho chini ya kilima. Tunakiita kiwanda kwa heshima. Ni chumba kirefu cha mabati chenye cherehani kadhaa, tanuri dogo la kupashia gundi moto, na mashine moja ya kubana soli ambayo hulia kama mtoto aliyenyang'anywa mandazi. Humo hakitoki kiatu hata kimoja mpaka Farhana atamke neno lake: "Zipite."

Leo neno hilo linangojwa kuliko siku nyingine zote. Mezani kwake kuna raba za timu ya wasichana wa shule moja ya kaskazini, watakaokimbia mashindano ya shule hapa Kampala Jumamosi. Ni timu ileile ambayo mwaka jana ilipelekewa raba zikapasuka. Kwa kinywa cha Farhana mwenyewe zilikuwa zimepita.

"Zikirudi mara ya pili, hatutakuwa na uso wa kumtazama mteja mwingine," anasema mwenye kiwanda, Hajji Rafiq. Hasemi kwa vitisho. Anasema huku akikagua kofia yake kama ina vumbi.

Farhana alizaliwa katika nyumba za polisi, hapohapo Naguru. Baba yake, marehemu Sajenti Santo Olal, alikuwa Mkatoliki kutoka Kitgum. Mama yake, Kulthum, ni Mwislamu wa Wandegeya, kutoka moja ya zile familia ambazo babu zao walikuja na biashara kutoka pwani wasirudi.

"Baba alikuwa na Kiacholi chake, Mama na Kiganda chake. Kiswahili ndicho kilichowaoza," anasema Farhana. "Krismasi tulikula, Idi tukala tena. Nani angelalamika?"

Alikua akikimbia. Watoto wa kambini wote walikimbia, lakini yeye hakuacha, na alipomaliza shule akachukuliwa na timu ya riadha ya polisi. Huko ndiko alikokutana na Anena, mkimbiaji mwenzake, rafiki aliyelala naye chumba kimoja kwenye kila safari. Siku moja, katikati ya mashindano, soli ya kiatu cha kushoto cha Farhana ilibanduka kona ya mwisho ya uwanja. Kifundo cha mguu kilivunjika palepale.

Madaktari wa Mulago walikiunga. Hata leo akipita mbele ya hospitali hiyo, Farhana huinua mkono kidogo, kama mtu anayemsalimia jamaa aliye ng'ambo ya barabara. "Kuna muuguzi pale alinifundisha kutembea mara ya pili. Mama alinifundisha mara ya kwanza. Nawashukuru wote wawili sawasawa."

Alipoweza kutembea kwa magongo, safari yake ya kwanza ilikuwa kwenda kugombana. Alikibeba kile kiatu kilichombwaga mpaka duka lililomuuzia, Wandegeya. Mwenye duka alikuwa Rafiq.

"Nilikuwa nimeyapanga matusi tangu wodini," anakumbuka, na macho yanamcheka. "Hajji akanivutia kiti. Akaniambia, 'Binti Afande, kaa kwanza unywe chai, unitukane ukiwa umeshiba.' Basi nikanywa. Chai ilikuwa na tangawizi nyingi. Matusi yakanipotea."

Rafiq hakumwomba radhi tu. Alikigeuza kiatu na kumwuliza mpasuko ulianzia wapi, gundi ilikuwa na harufu gani, na mguu ulihisi nini hatua chache kabla. Wakati huo alikuwa amechoka kuuza viatu vya watu asivyojua vimetengenezwaje, na alitaka kushona vya kwake. Kabla birika halijakauka, Farhana alikuwa amepata kazi.

Desturi ya kiwanda ilizaliwa siku hiyo. Mpaka leo, mwenye kurudisha kiatu kibovu hapigiwi kelele wala hazungushwi. Anakalishwa, anamiminiwa chai, na Farhana humshukuru kabla mteja mwenyewe hajashukuru. Wapo wajanja wa mtaani ambao huja na raba zilizokatwa kwa wembe, wapate kikombe. Farhana huwajua kwa kutazama mpasuko tu, na huwapa chai vilevile.

"Anayetupa kiatu changu jalalani ananiadhibu bila kuniambia kosa," anasema Rafiq. "Anayerudisha, huyo ananitakia heri."

Kutafuta mali ghafi ni kazi yao wawili. Rafiq anazungumza bei, Farhana anazungumza na soli. Huikunja mpaka ncha yake ikutane na kisigino. Huikwaruza kwa ukucha, huinusa, kisha huomba kipande akiweke juu ya bati la moto mchana na ndani ya ndoo ya maji jioni, maana mguu wa Kampala hupata jua na mvua siku ileile. Wauzaji wa katikati ya jiji wamechoka naye.

"Huyu mama ananunua soli au anaiposa?" mmoja alimwuliza Rafiq.

Pamoja na uposaji wote huo, mwaka jana mambo yaliharibika. Rafiq alipata soli za mwagizaji mpya, nyepesi na za bei nzuri. Farhana akazikunja, akazianika, akazilowesha, kisha akakimbia nazo Naguru asubuhi baada ya asubuhi. Hazikuwa na neno. Akazipitisha, na Anena, ambaye sasa ni kocha wa timu ile ya wasichana, akazipokea kwa shangwe.

Haukupita muda Anena akateremka kutoka kaskazini na gunia. Raba zilikuwa zimepasuka, zote mahali pamoja: upande wa ndani, chini ya kidole gumba. Msichana mmoja, Adoch, mwenye mbio kuliko wenzake wote, alikuwa ameanguka mazoezini na kuchubuka magoti. Hakuvunjika, lakini tangu siku hiyo alikataa kuvaa raba yoyote na akawa anakimbia pekupeku.

"Ningeweza kuzichoma tukanunua nyingine," anasema Anena. "Lakini nilimkumbuka Farhana pale uwanjani, ameshika mguu. Nikasema, huyu lazima azione kwa macho yake."

Farhana alimpa rafiki yake chai, kisha akazitoa raba guniani moja baada ya nyingine. Alichoshindwa kukielewa kilikuwa kimoja. Jozi yake mwenyewe, ya shehena ileile, iliyokimbia kuliko zile za wasichana, ilikuwa nzima kama imetoka dukani.

Jibu alilipata barazani kwa mama yake. Jioni hiyo alizipanga chini raba zote alizowahi kuzipima, akakaa akizitazama. Mama Kulthum, aliyekuwa akimenya karanga, akazitazama naye.

"Lakini viatu vyako vyote vimelika upande wa nje," mama alisema. "Tangu uvunjike, mwanangu, unakanyaga kama mtu anayekwepa tope. Hukujua?"

Hakujua. Mguu uliovunjika ulijihurumia na kuelemea nje, na wa pili, kwa kuufuata mwenzake, ukajifunza vivyo hivyo. Miaka yote hiyo Farhana alikuwa akizipima raba kwa nyayo ambazo hazikuwahi kuugusa sawasawa upande wa ndani. Soli zilikuwa dhaifu pale ambapo yeye hakanyagi.

Asubuhi alimkabidhi Rafiq aproni yake ikiwa imefuliwa na kupigwa pasi. Alimweleza kila kitu, akalia, akaona haya kwa kulia.

Rafiq aliipokea aproni. Alikuwa na lake pia la kukiri, kwamba bei ya zile soli ilimpendeza kupita kiasi na hakumuuliza mwagizaji maswali aliyozoea kuuliza. Kisha akamrudishia aproni.

"Mguu wako sitaufukuza, binti Afande," alisema. "Nitautafutia wenzake."

Hivyo ndivyo walivyopatikana watu ambao sasa hujulikana kama miguu ya kiwanda. Loice anauza mboga soko la Wandegeya, na unyayo wake ni bapa, hauna bonde hata kidogo. Konstebo Namalwa anaongoza magari na anakanyaga kwa kishindo. Ustadhi Mubarak anafundisha madrasa, na vidole vyake vya miguu vinatazama kila kimoja upande wake. Hupewa raba za shehena mpya, wakazivaa kazini kwao, wakarudi na walichokiona. Wakimaliza, raba ni zao.

Saa nane mchana wanaanza kuingia. Farhana anawasubiri mlangoni kama mzazi siku ya matokeo.

"Mimi nimesimama nayo barabarani wiki mzima, mvua na jua," anasema Namalwa, akimkabidhi. "Mguu haina shida."

Ustadhi naye hana malalamiko, ila angependa rangi isiyopiga kelele mbele ya wanafunzi. Loice anafika mwisho, amekunja uso.

"Haikupasuka, Anti," anasema Loice. "Lakini inalia. Nikitembea, wateja wanageuka kuangalia bata iko wapi."

Farhana anaingiza mkono, anang'oa soli ya ndani, anacheka kwa pumzi ndefu. Gundi haikufika pembeni. Ni kazi ya dakika chache. Anawaita watu wa meza ya gundi, anawaonyesha, na kila jozi ya wasichana inafunguliwa na kutazamwa upya mahali hapo. Kisha anaubinya upande wa ndani, chini ya kidole gumba, raba moja baada ya nyingine. Loice anamiminiwa chai yake kwa haki kabisa.

Hata hivyo neno halitamkwi. Farhana anangoja mguu mmoja zaidi.

Anena anaingia na msichana mrefu, mwembamba, aliyevaa kandambili. Ni Adoch. Anasalimia kwa kupiga goti kidogo, lakini macho yake hayaondoki kwenye zile raba, kama vile zinaweza kuuma.

"Timu nzima itavaa," anasema kocha wake kwa upole. "Yeye anasema atakimbia pekupeku."

Farhana anapiga magoti kwenye sakafu ya saruji na kumvalisha mwenyewe. Anazifunga kamba taratibu. Nje kuna njia ya murram, udongo mwekundu wa changarawe, iliyolowa mvua ya asubuhi, na Adoch anaanza kuikimbia kwa woga, amekunja vidole, anakanyaga nje nje. Farhana anaijua mbio hiyo. Anamwita.

"Unaogopa?"

"Naogopa, Anti."

Farhana anapandisha ukingo wa suruali yake na kumwonyesha kovu la Mulago. "Mimi pia naogopa. Kila asubuhi. Ndiyo maana naivaa mimi kabla yako, na Loice, na Afande Namalwa. Hiyo soli imekanyagwa na watu wote hawa ili isikudanganye wewe."

Adoch anamtazama, anaitazama raba. Anarudi njiani.

Safari hii anakimbia kweli. Anapotea kwenye kona, anatokea tena, na tope linamrukia mpaka kiunoni. Farhana hamtazami msichana, anazitazama alama alizoziacha ardhini. Nyayo zimelala nzima, nje na ndani, na penye kidole gumba zimezama zaidi kuliko kwingine kote.

"Zipite," anasema.

Ndani ya chumba cha mabati watu wanapiga makofi, na Hajji Rafiq ghafla ana kazi ya haraka ya kukung'uta kofia.

Farhana ana mipango. Anataka kiwanda kitengeneze raba ya watu wenye miguu iliyowahi kuvunjika, yenye ukingo wa nje ulioimarishwa, na ameshaanza kutafuta mpira wa kufaa. Anataka pia kuingia mbio za jiji, za watu wa kawaida, akiwa amevaa viatu viwili vinavyofanana. "Bodaboda hawatanitambua," anasema.

Lakini kwanza anamimina chai. Anampa Anena, kisha anamnyooshea Adoch kikombe. Msichana anarudisha mikono nyuma. Ameshasimuliwa desturi ya mahali hapa.

"Anti, mimi sina kiatu kibovu."

"Ulikuwa nacho mwaka jana," Farhana anasema. "Kocha wako alikileta, akanywa chai yake. Ya kwako ilibaki hapa."

Anamshikisha kikombe kwa mikono miwili, na kwa Kiacholi cha baba yake anamwambia asante sana.

"Apwoyo matek, Adoch."